Aiskrimu ya Machenza kwa Mama Mkwe

Tangu nilipoolewa, mama mkwe wangu hakuwahi kukanyaga nyumba yetu ya Rumonge, wala mimi sikuwahi kuitwa kwake, huko juu Bugarama. Sababu niliijua, au nilijidai naijua: mimi ni mtoto wa mjini, jembe nalijua kwa kuliona. Kwa hiyo mume wangu aliponiambia jioni moja, kana kwamba anataja hali ya hewa, kuwa mama yake anakuja kesho, nilibaki nimeshika mwiko hewani. Nilikuwa na siku moja ya kumfanya mwanamke yule anipende.

Nikaamua kumtengenezea kinywaji ambacho kule mlimani hakipo, aiskrimu iliyosagwa na maziwa na maji ya machenza. Krimu niliipiga na sukari usiku uleule, nikaigandisha, nikaomba umeme usikatike. Haukukatika. Nikaona ni dalili njema.

Alifika asubuhi, mzee aliyenyooka, kitenge kipya, mikononi kibuyu kilichofungwa kwa jani la mgomba.

"Amahoro, mukazana," alisema, yaani mke wa mwanangu. Kiswahili alikipata ukimbizini Tanzania. "Shika. Iko maziwa."

Alinikabidhi kwa mikono miwili, akaningoja nipokee kwa mikono miwili. Kisha mume wangu akampeleka ufukweni kununua mikeke, samaki wa mchana, nikabaki na jiko langu.

Mimi nimelelewa na mama asiyeruhusu maziwa mabichi yaguse mdomo wa mtu. Nikayabandika. Yalipopata moto tu, yakaanza kushikana mapande, ya njano, mazito kama yai lililovurugwa. Niliganda pale jikoni. Yameharibika! Mama wa watu ameteremka nayo milima yote ile kwenye joto, na siku yake ya kwanza kwangu yamemharibikia. Nilimwonea huruma kwelikweli. Nikayamwaga haraka asije akaaibika, nikakisugua kibuyu kwa sabuni ya unga mpaka ile harufu ya moshi iliyokuwa ndani yake ikatoka. Kilinukia vizuri. Nilijipongeza.

Nikakoroga maziwa ya unga. Nikakwaruza ganda la machenza juu juu, rangi tu, maana ile nyeupe ya chini ni chungu. Aiskrimu na maziwa vinatangulia kwenye blenda, na maji ya machenza yanafuata kidogo kidogo, mwishoni, la sivyo maziwa yanakatika. Nikaonja. Mimi sijisifu ovyo, lakini ilikuwa tamu.

Waliporudi, mama mkwe alipiga funda moja akafumba macho.

"Iko baridi mpaka mu meno," alisema, akacheka. Nilikuwa sijawahi kumwona akicheka. Akanywa tena. "Maziwa yangu ndiyo imekuwa hivi?"

Ningeweza kuitikia tu. Lakini furaha ilikuwa imenilegeza ulimi.

"Hapana, mama. Yale yalikuwa yameharibika njiani. Nilipoyachemsha yakashikana, nikayamwaga."

Mume wangu aliweka glasi chini. Mama mkwe alikitazama kibuyu pale dirishani, akakichukua, akakinusa. Sikujua hata nimekosa nini.

"Ulichemsha?" mume wangu akauliza kwa sauti ndogo. "Ng'ombe amezaa juzi. Maziwa ya kwanza ndivyo yalivyo, hayachemshwi. Na mgeni hapewi. Wanakunywa wa nyumbani tu."

Hasira ilinipanda. Mwanamume ameoa mtu wa ziwani, analala naye kitanda kimoja, na jambo kama hilo hakuona haja ya kulitaja! Nilimgeukia nimwambie, lakini mama yake alinitangulia.

"Wewe ndiyo hukumwambia," alimwambia mwanawe. Kisha akanitazama mimi. "Ng'ombe ile si yangu. Iko yako. Mulipooana nilikuwekea moja, ikakufa. Nikaweka ingine, ikakaa bila kuzaa. Nilikuwa naona haya kuja kwa mukazana mikono mitupu. Nikawa nangoja izae."

Nilisikia kila neno na sikuamini hata moja. Miaka yote ile nililala nikimchukia kwa kunidharau, na yeye analala akiona haya. Nilitaka kumwomba msamaha. Niliangalia bomba la kumwagia maji machafu, nilikoyamwaga maziwa yale.

Alimaliza glasi yake yote, akaifuta midomo kwa ncha ya kitenge.

"Ya kesho bado iko ya kwanza," alisema. "Fungasha nguo. Leo unalala kwangu, asubuhi utakunywa ikitoka. Na usilete sabuni, kibuyu inataka moshi."

"Murakoze, mama," nilisema, yaani asante, nikaenda kufungasha nguo.