Mchora hina aliyeifundisha ngozi ya bintiye kukataa

Ni saa nane mchana, na uani kwa Kaniz Mai, mtaa wa Pak Gate mjini Multan, hakuna kivuli cha kumtosha hata paka. Kaniz amekaa kwenye kitanda cha kamba, anachekecha unga wa hina kwa kitambaa cha melimeli. Amevaa glavu mbili mbili katika joto hili. Jasho likimtiririka usoni, hulifuta kwa bega.

Msichana mmoja anaingia bila hodi, mtandio umemshuka mabegani.

"Mama mdogo, nipake ile nyeusi. Kesho nina harusi ya shoga yangu."

"Nyeusi sina, binti yangu. Ninayo hii ya majani."

"Hiyo inakolea lini?"

"Leo itakuwa ya chungwa. Kesho kutwa itaiva, iwe nyekundu kama Mungu alivyoiumba."

"Kesho kutwa! Si bibi harusi atakuwa ameshagombana na mkwewe?" Msichana anacheka. "Jirani yako Zubeda anayo. Nusu saa tu, mtu anang'aa."

"Basi nenda kwa Zubeda. Ukirudi na malengelenge, mlango wangu uko wazi."

Msichana anakwenda kwa Zubeda. Kaniz anatikisa kitambaa chake, na unga wa kijani unaendelea kushuka.

Ana umri wa miaka arobaini na saba, ni mjane, na amechora hina tangu usichana wake. Kuna wakati alikuwa hashikiki. Msimu wa harusi magari yalimfuata mpaka mlangoni, na mabibi harusi walipanga tarehe kwa kuuliza kwanza kama yeye ana nafasi. Siku hizi akipata robo ya alichokuwa akipata, hushukuru. Lakini si kipato kilichomkondesha. Kilichomkondesha ni mikono ya bintiye, Samrin, mwenye umri wa miaka ishirini na miwili.

Hapa Multan husemwa kwamba hina ya bibi harusi ikikolea sana, mkwewe atampenda sana. Muulize mwanamke yeyote kama anaamini hayo, atacheka, kisha ataangalia mkono wake. Kwa hiyo ulipoingia ule unga wa kutia nywele weusi, ambao wanawake wa Mombasa na Unguja wanaujua kwa jina la piko, wachora hina waliuchanganya na majani yao. Rangi ikawa nyeusi ti, tena kwa muda mfupi. Nani angerudi kwenye nyekundu ya kungojewa?

Kaniz naye aliuchanganya. Ila yeye alikuwa na desturi moja aliyojivunia, nayo ndiyo iliyomponza. Kila alipofungua pakiti mpya, kabla ya kumgusa mteja, aliijaribu nyumbani. Alijichora ua dogo kwenye kiwiko cha mkono. Kisha alimwita Samrin, tangu akiwa na miaka minne, akamchora ua jingine juu ya kiganja.

"Ngozi ya mtoto ni laini, inaonyesha rangi upesi," anasema. "Nilimkalisha mlangoni, nikamwambia, nyoosha mkono mama, watu waone. Naye alipenda! Alikaa kama malkia. Wenzangu hawakujaribu kabisa, wao walipaka tu watoto wa watu. Mimi nilijiona mwaminifu."

Sikukuu moja, Samrin akiwa na miaka kumi na mitatu, ua lile lilimwasha usiku kucha. Wakasema ni vumbi, wakasema ni mbu. Kaniz akamwosha kwa maji ya waridi, na pakiti iliyofuata akamchora tena.

"Hapo ndipo ningesimama," anasema.

Miaka ikapita. Mikono ya Kaniz mwenyewe ikaanza kupasuka, ikatoa ukurutu. Kisha Samrin akaalikwa kwenye harusi ya binamu yake, akapakwa nyeusi mikono yote miwili. Siku ya pili mikono ilivimba mpaka vidole havikunji. Malengelenge yalifuata mchoro ule ule, kila jani na kila ua likasimama juu ya ngozi. Yalipopona, yaliacha mabaka meupe yaliyojikunja kama mmea utambaao ukutani. Mpaka leo yapo.

Daktari wa ngozi aliyewapokea, Naheed Qaisrani, ni mwanamke mwenye sauti ya chini anayependa kueleza mambo mpaka yaeleweke. Alimbandika Samrin viraka vya kupima mgongoni, vikakaa siku mbili. Vilipobanduliwa, mahali palipowekwa ile rangi nyeusi palikuwa pamefura, pekundu.

"Niliwaambia ngozi si gamba tu la kufunika nyama," daktari anakumbuka. "Ndani yake kuna seli zenye matawi, tunaziita seli za dendriti. Zimekaa katikati ya seli nyingine zimenyoosha mikono huku na huku, zinaonja kila kinachoingia. Nikaona mama na binti wananitazama tu."

Basi akabadili lugha. Kaniz anayasimulia mazungumzo hayo kwa kuigiza sauti zote mbili.

"Akaniuliza, 'Kaniz, unamjua mshenga?' Nikamwambia, 'Daktari, katika mji huu nani asiyemjua huyo mama? Akinywa chai kwako, kesho ukoo mzima unajua umevunja vikombe vingapi.' Akasema, 'Ehe, ndiye huyo huyo. Ngozi yako ina washenga wake. Mgeni akiingia wanamtazama sura. Mara nyingi huwaambia wazee, huyu hana neno, mwacheni. Lakini mgeni akija na vurugu, wanamshika, wanateremka naye mpaka kwenye mtoki, kule kwapani. Huko ndiko wanakokaa wazee. Wanawaonyesha, huyu hapa, mtazameni vizuri.'"

"Na wazee wakishaapa kumkataa?" mwandishi anauliza.

"Hawabadili kauli. Mgeni akirudi, hata awe tone, wanaamka ukoo mzima na marungu. Nikamuuliza daktari, hakuna dawa ya kuwasahaulisha? Akasema hakuna. Nikamwambia basi hao washenga ni watu wabaya. Akasema hapana, bila wao hata kidonda cha mwiba kingetumaliza. Wanafanya kazi yao."

Kisha Kaniz akauliza swali ambalo daktari anasema hatalisahau. Aliuliza ni nani aliyemleta mgeni mlangoni kwa Samrin, mara kwa mara hivyo, mpaka wazee wakaapa.

"Daktari akaangalia kalamu yake," Kaniz anasema. "Nikajua."

Majuto ni mjukuu, wasemavyo, na mjukuu huyu alikuja kabla mama hajapata mkwe. Siku hiyo hiyo Kaniz alimwaga unga wote mweusi kwenye shimo la choo, akarudi kwenye majani matupu. Tangu siku hiyo hajamgusa Samrin kwa koni ya hina, hata ile safi, hata sikukuu. Anaogopa mkono wake mwenyewe.

Mwaka huu ikaja posa. Kijana ni Waqas, fundi wa pampu za maji, na tarehe ilikuwa imewekwa mwezi wa Mfungo Sita. Samrin alikuwa amemwona mara mbili, na mara zote mbili walicheka. Kwa kuwa hina ya bibi harusi hutoka upande wa mume, mama yake kijana, Bilqis, alikuja mwenyewe na sinia. Mwandishi wa makala haya alikuwepo uani, pembeni, amepewa chai.

Bilqis ni mnene, mchangamfu, mtu wa kujaza nyumba kwa sauti yake.

"Nimeleta nyeusi, ya kutoka Karachi!" alisema, akiweka sinia. "Mwanangu hana sura, jamani, wala siwafichi. Lazima bibi harusi apendeze kwa wote wawili."

Wanawake wakaangua kicheko. Samrin alicheka pia, mikono ameificha chini ya mtandio.

"Haya, lete kiganja, mwanangu. Nikutie tone la baraka, ya harusi itafuata."

"Mama, nimeungua na mafuta ya sambusa," Samrin alisema, bado anatabasamu. "Tungoje ipone. Siku yenyewe itakuwa tayari."

"Maskini! Huyo ataniunguzia na nyumba," Bilqis akatania. "Nionyeshe basi, nipulize."

Hakuna aliyemtazama Kaniz wakati huo. Alikuwa amesimama na birika. Aliliweka chini.

"Hakuungua, dada," alisema. "Ni mimi."

Akaeleza yote: ua dogo, pakiti, mlangoni, harusi ya binamu. Alieleza vibaya, akirudi nyuma, akijisahihisha, akimtaja daktari kila mara kama mtu anayeapa. Mwishowe Samrin akatoa mikono yake, akaiweka mapajani, watu waione.

Bilqis aliitazama kwa muda mrefu.

"Ni balanga?"

"Si balanga, dada. Haiambukizi. Ni ile rangi tu, asiguse ile rangi maisha yake yote. Hina ya majani daktari amesema huenda ikamfaa."

"Na watoto?"

"Haiendi kwa watoto. Kila ngozi inajifunza yake."

"Daktari amesema."

"Daktari amesema."

"Daktari anasema, dada yangu, na watu wanaona." Sauti ya Bilqis ilikuwa imeshuka. "Mimi nina mabinti wawili bado wako nyumbani. Kesho nao watatazamwa mikono."

Alimpapasa Samrin kichwani, akakusanya koni zake moja moja. Chai yake aliiacha imefanya utando. Hakuwa mtu mbaya, na ingekuwa nafuu kama angekuwa mbaya, maana mtu angepata wa kumlaani. Jibu lililetwa Jumapili na mshenga, mlangoni, bila kuketi. Waqas, ilisemekana, hakuulizwa.

Ndani ya nyumba mambo yalikuwa magumu zaidi. Samrin hakumsemesha mama yake siku nyingi. Alipofungua kinywa ilikuwa jikoni, mgongo ameugeuza.

"Ningeolewa, mama. Ningeolewa nikiwa nimeungua na mafuta."

"Na siku ya hina?"

"Ningevumilia."

"Hivi ulimsikia daktari? Mara hii ungevimba uso. Koo lingeziba."

"Ni mkono wangu. Hata hilo uliliamua wewe."

Majirani walimtuliza Kaniz kwa methali, kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Ni kweli. Lakini methali haimsaidii mtu anayeamka asubuhi, akamimina vikombe viwili vya chai, na kimoja kikapoa pale pale.

Baada ya hapo alianza kuzunguka kwa wachora hina wenzake. Hawaambii waache nyeusi, kwa sababu anajua njaa ilivyo. Anawaomba jambo moja: wasijaribu kwa watoto wao. Wengine humsikiliza kwa adabu. Zubeda hakumsikiliza.

"Wewe umekosa wateja, sasa unataka na sisi tukose?" alimwambia mbele ya watu.

"Chukua wateja wangu wote, Zubeda. Umeshawachukua! Mimi nakuomba mkono wa mtoto tu."

Mtoto mwenyewe, wa miaka mitano, alikuwa kizingitini na ua jeusi juu ya kiganja, anajionyesha kwa wapita njia. Kaniz alirudi nyumbani akalala mchana, jambo asilolifanya hata akiumwa. Wiki iliyofuata alipita tena, akamwona mtoto na mkono mtupu. Pengine Zubeda alisikia. Pengine rangi ilifutika tu na pakiti mpya haijaja. Kaniz hakuuliza.

Na juzi, alipokuwa akichekecha unga, Samrin alikuja akakaa ukingoni mwa kitanda. Hakusalimu. Alinyoosha mikono yote miwili, mabaka juu.

"Nichore," alisema.

"Kwa ajili ya nani?"

"Kwani lazima pawe na mtu?"

"Ninaogopa, mwanangu."

"Mimi pia naogopa. Twende kwa daktari kwanza."

Walikwenda. Daktari Naheed amembandika kiraka kingine mgongoni, chenye hina ya Kaniz mwenyewe, majani na maji na ndimu, bila kingine. Kitabanduliwa Alhamisi, kisha watangoja siku mbili nyingine, kwani wazee wa kwapani huchelewa kuamka. Daktari anasema ana matumaini, ila hataki kuapa. Samrin analala kifudifudi ili kisibanduke.

Kaniz, kwa upande wake, ameshachagua majani. Anasema akiambiwa ngozi imekubali, atafunga mlango asubuhi hiyo, awakatalie wateja wote, amchore mwanawe peke yake. Hajui kama mikono yake ndani ya glavu bado itaishika koni sawasawa. Anafanya mazoezi juu ya sahani.

Mwandishi anamuuliza atamchora mchoro gani, kwa kuwa harusi haipo tena.

"Wa bibi harusi," Kaniz anajibu, hata swali halijaisha. "Mpaka viwikoni."