Mama aliyeanika daftari langu kwenye chanja ya dagaa, Kibirizi

Wakuu, habari za humu?

Huyu mama nina deni la kumsimulia, nimekuwa navunga tu miaka yote. Leo namwandika, na chumvi siongezi.

Miaka ile ya tisini, wakimbizi wakimiminika Kigoma, mimi nilikuwa mwandishi wa safari. Kijana, pasipoti imejaa mihuri, kiburi kibao. Nilikuwa natoka kuzunguka vijiji vya Kongo vilivyopigwa na vita.

Kule, kila aliyesikia navuka ziwa alinifuata. "Niandike jina. Ukifika kambini uwaambie ndugu zangu niko hai."

Niliandika mpaka daftari likajaa.

Karibu na Kibirizi tukapigwa wimbi, boti ikajaa maji. Sasa cheki akili yangu: kamera nilikuwa nimeifunga nailoni mara tatu. Daftari nimelitupia tu kwenye begi!

Nilikaa mchangani na lile bonge la karatasi nikalia. Mwanaume mzima.

Mama mmoja aitwaye Neema, aliyevuka kutoka Uvira, kulekule Kongo, kabla yangu, alikuwa anaanika dagaa pale. Akaniuliza nalilia nini, nikamweleza. Akawaondoa dagaa wake kwenye chanja, wabichi vilevile, akawarundika pembeni. (Mtu wa Kigoma anajua: dagaa wakikosa jua siku hiyo, umewapoteza.)

Akabandua kurasa mojamoja, akawa anazigeuza kama dagaa. Wino wa biki ulikuwa umeshika, Mungu mkubwa.

Kusoma hakujua. Kila ukurasa ukikauka ananiambia, "Soma, mwanangu." Nasoma, anatikisa kichwa, ananipa mwingine. Nilichelewa kuelewa kwamba anatafuta watu wake. Mume na mwanawe walipotezana naye njiani.

Kurasa zikaisha. Hawakuwemo.

Nilikosa pa kuweka macho. Yeye akazifunga kurasa kwenye kitenge chake, akanikabidhi.

"Nenda kambini leo leo. Hawa nao wana watu wanaowangojea."

Nilienda. Nimeona watu wakikaa chini kwa kusikia jina moja tu. Kila waliponishukuru niliona aibu, maana shukrani zilikuwa za mama wa watu.

Somo langu: ulichokabidhiwa na watu kifunge kwanza, kamera baadaye.

Mama Neema yuko Ujiji mpaka leo, kazeeka, na mimi ni mwanawe kabisa. Visa vyenu karibuni mmwage hapa chini. Ila kwanza mnisaidie: mume anaitwa Amisi, mtoto Bahati. Walitokea Uvira.

Kama mnawajua, waambieni yuko hai.