Vitabu vya Mama Waasi

Vijana wa bodaboda wa pale stendi ya Bukoba ndio waliompachika jina. Kila alipoteremka kwenye basi la kutoka Muleba, kikapu mkononi na kitenge kimefungwa vizuri kiunoni, mmoja wao alipaza sauti: "Haidari! Andaa bunduki, Mama Waasi kafika!" Naye mama wa watu anacheka, anawasalimu mmoja mmoja, anawaambia, "Nyinyi mna nafuu, mnaasi barabarani tu." Halafu anavuka kwenda kwa Haidari.

Haidari anauza vitabu vya mtumba. Babu yake alikuja Bukoba kutoka pwani kwa biashara, akaoa Mhaya, akasahau kurudi kwao. Mezani pake, chini ya turubai, utakuta vitabu vya shule, Biblia zilizochakaa na riwaya za mapenzi. Nyuma ya kiti chake lilikaa boksi la sabuni lenye vitabu ambavyo hakuna mteja mwingine aliyevitaka, vitabu vya uasi na vya vita vya wenyewe kwa wenyewe. Hivyo alimwekea Annastella, maana hilo ndilo jina lake hasa, mkulima wa Ijumbi, mke wa mwinjilisti.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Una nini leo?"

"Nina Wahispania. Na kingine cha watumwa waliowaasi mabwana zao huko Roma, kabla Yesu hajazaliwa."

"Kina picha?"

"Za kuchora."

"Za kuchora sitaki. Mchoraji anajitungia uso. Nipe Wahispania."

Kiingereza hakukijua. Kiswahili alikisoma polepole kwa kidole, kwenye Biblia na kitabu cha nyimbo. Ila neno moja la Kiingereza alilitambua kwa macho kama mtu anavyotambua paa la nyumba yake akiwa bado yuko mbali: rebel. Haidari alimwonyesha siku ya kwanza, akamwambia hilo ndilo mwasi. Tangu hapo akawa analitafuta mwenyewe migongoni mwa vitabu. Akilipata, anakaa kwenye benchi, anafungua penye picha, anaangalia nyuso moja baada ya nyingine. Haidari anamsomea maneno ya chini ya picha, kidole na mdomo vikienda pamoja, Kiingereza kinaingia machoni na Kiswahili kinatokea mdomoni.

Siku moja walifungua kitabu cha vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe.

"Huyu aliyelala mtaroni," Annastella aliuliza, "kafa?"

"Kafa, mama. Lakini hii ni zamani mno, hata babu zetu hawajazaliwa. Huyu hawezi kuwa wako."

"Najua si wangu. Ana mama yake."

"Mama yake naye alishakufa siku nyingi."

"Basi sasa nani anamwangalia?"

Annastella akamtazama yule kijana kwa muda, kama mtu anayekaa kidogo msibani kabla ya kuaga, kisha akafungua ukurasa mwingine.

Wake aliitwa Clavery. Alikuwa kifungua mimba, kijana mrefu asiyetulia, mwenye mawazo ya haraka. Baba yake, Bartholomayo, alikuwa mwinjilisti wa Kilutheri, mtu mnyoofu hadi anachosha. Mwaka ule bei ya kahawa ilikuwa mbaya, na Bartholomayo alikuwa amesimama kanisani kuwaonya watu wasipeleke kahawa Uganda kwa magendo. Clavery hakungoja. Alipakia magunia ya kahawa ya maganda ya baba yake, akaenda nayo na wenzake, akarudi na hela yote. Akaiweka mezani mbele ya mzee, amesimama kama mtoto anayesubiri kusifiwa.

"Hii nini?"

"Kahawa yetu, taata. Huko wanalipa vizuri."

"Nimesimama madhabahuni kuwakataza watu, na wewe ndiye unayebeba! Katika nyumba hii hatulei mwasi."

"Taata, nimeleta yote. Sikubakiza hata senti."

"Toka."

Annastella alikuwa jikoni anamenya ndizi. Alisikia kila neno na hakutoka. Alijua hasira za mume wake, zilikuwa za jioni moja. Asubuhi mzee ataamka amepoa, mtoto atarudi, watakula. Mzee aliamka amepoa kweli. Mtoto hakurudi.

Alipata kazi ya utingo kwenye malori yaliyopeleka chakula kwenye kambi za wakimbizi kule Ngara. Dereva wake ndiye aliyeleta habari baadaye, akiwa amesimama uani, hataki hata kukaa. Clavery alikuwa amefuatana na vijana fulani akavuka mpaka. Watu walimwona Kongo, miongoni mwa waasi, amevaa gambuti na bunduki begani.

Bartholomayo aliposikia neno hilo aliingia chumbani akafunga mlango. Tangu siku ile hakulitamka tena, hata akihubiri. Likimjia kwenye Maandiko, alisoma "wasiotii" badala yake, na waumini wachache waliolitambua hilo hawakumuuliza.

Vitabu vilianza kwa bahati tu. Annastella alipeleka ndizi kwenye nyumba moja mjini, akaona mezani kitabu kimefunguka, ndani mna picha ya vijana wenye gambuti na bunduki. Akauliza ni kina nani. Akaambiwa ni waasi wa Kongo. Kumbe waasi hupigwa picha! Kumbe wapo watu wanaowafuata msituni na kamera, kisha wanawaweka vitabuni! Basi Clavery naye yumo mahali fulani. Kazi iliyobaki ni kufungua kurasa.

Mume wake aliviona vitabu hivyo vikizidi chini ya kitanda. "Unaniletea bunduki ndani ya nyumba," alisema, na hakuvigusa. Vita vya watu wa mbali, maasi ya mashambani, wafalme waliopinduliwa, vyote vilikaa chini ya usingizi wake miaka na miaka. Hadi alipougua ule ugonjwa wa mwisho. Siku moja mchana alimwita mkewe kwa sauti ndogo.

"Mama Clavery. Vile vitabu."

Akavileta. Akamwekea mto mgongoni. Mzee akaweka kidole juu ya picha.

"Huyu?"

"Siye, waitu," alisema kwa heshima.

"Huyu je?"

"Siye. Huyo ni Mhispania."

"Mbona anafanana naye?"

Annastella akamfungulia ukurasa unaofuata. Walifanya hivyo kila mchana, wazee wawili, kitabu katikati yao, baba akiuliza na mama akikataa. Bartholomayo alikufa kabla hawajavimaliza.

Baada ya arobaini, ukoo ukakaa. Shemeji yake Aristides, mdogo wa marehemu, ndiye aliyesema.

"Shemeji, omusika, mrithi wa baba, ni mtoto wa kwanza, na mtoto wa kwanza hayupo. Hatuwezi kumpa mdogo wake Gozbert kibanja na migomba ya mtu ambaye hatujamzika. Tumzike Clavery, mambo yaishe."

Kwao mtu akipotelea mbali na mwili usipatikane, hukatwa mgomba, ukaviringishwa shuka, ukalazwa kaburini badala yake na kuliliwa kama mtu. Baada ya hapo amekufa. Hata akija siku moja kwa miguu yake mwenyewe, amekufa.

"Alifukuzwa mara moja nikiwa jikoni," Annastella alisema. "Nikizika mgomba huku mwenyewe anatembea, nitakuwa nimemfukuza mara ya pili, na safari hii kwa mkono wangu. Nikimwona nitawaambia."

"Utamwonea wapi? Kwenye vitabu vya wazungu?"

"Huko huko."

Watu wakaguna. Wakamvumilia hadi msimu wa kahawa uishe, kwa heshima ya mume wake.

Kahawa ilikuwa bado inaanikwa wakati Haidari alipopiga simu. Daktari mmoja mgeni alikuwa amerudi kwao, akamwachia maboksi ya vitabu. Kimojawapo ni cha Kongo, miaka ile ile, na kimejaa picha. Kesho yake Annastella alikuwa stendi. Vijana wakaita kama kawaida yao, naye akapita bila kuwasikia.

Alikaa kwenye benchi, akafungua. Wanajeshi. Wakimbizi na magodoro vichwani. Daraja lililovunjika. Halafu barabara ya udongo mwekundu, na vijana wamekaa pembeni yake wanapumzika, gambuti miguuni, bunduki zimelazwa majanini. Wa mwisho, upande wa kulia, alishika kikombe cha plastiki, na juu ya kikombe ameweka kiganja.

Clavery alifunika kikombe hivyo tangu akiwa mdogo, kwa kuchukia vijidudu vinavyofuata ndizi mbivu. Awe na uji, awe na maji, kiganja juu. Annastella alikijua kile kiganja kwanza. Ndipo akapandisha macho kwenye uso.

"Haidari," alisema. "Ni huyu."

"Mama, una hakika?"

"Nimemzaa mimi! Mwangalie, anacheka. Amekonda kidogo tu. Omukama, Mungu wangu, anacheka! Soma. Soma hapa, niambie yuko wapi."

Haidari akainama. Kidole chake kikatembea chini ya maneno, kikafika mwisho, kikarudi mwanzo.

"Maandishi yamefifia, mama."

"Haidari."

"Na leo sina miwani…"

"Huvai miwani, mwanangu." Alisema kwa upole, kama anayembembeleza. "Siku zote kidole na mdomo vyako huenda pamoja. Leo kidole kimefika na mdomo haujaanza. Mimi kazi yangu ni nyuso, na wako nimeshausoma. Nipe maneno yake."

Haidari akasoma. "Waasi vijana wakipumzika kando ya barabara, mashariki ya Kongo. Kesho yake asubuhi wote walipigwa risasi na wenzao." Kidole kikasogea. "Kwa kosa la kuasi."

"Rudia hapo mwisho."

"Kwa kosa la kuasi."

"Waasi waliasi?"

"Ndivyo kinavyosema, mama."

"Waliasi nini?"

Haidari akafungua ukurasa unaofuata. Makamanda wakipeana mikono. Akafungua mwingine. Mawaziri, ndege, umati wa watu mjini wakishangilia. Akarudi nyuma, akasoma aya nzima kimyakimya, na nyingine.

"Hakisemi."

"Tafuta vizuri."

"Nimetafuta, mama. Pengine waliamriwa jambo wakakataa."

"Jambo gani?"

"Hakisemi."

Annastella akauweka mkono wake juu ya ile picha, asiifunike, ila kuigusa tu. "Hela ya kahawa aliirudisha yote," alimwambia Haidari, ambaye hakujua ni kahawa gani. "Baba yake hakutaka kusikia. Mimi nilisikia. Ningetoka jikoni nikasema neno moja tu, mzee angelegea. Alikuwa ananisikiliza mimi, unajua? Hakuna aliyekuwa akijua, lakini alikuwa ananisikiliza."

"Mama…"

"Huko nako walipomwambia ni mwasi, nani alikuwa jikoni?"

Haidari aligeuza uso akautazama mtaa. Mmoja wa wale vijana akapita na pikipiki, akapiga honi. "Mama Waasi! Nani kashinda leo?"

"Hakuna, mwanangu," alijibu Annastella, naye akaondoka na kitabu amekiviringisha kwenye kitenge.

Pale Ijumbi alimkuta Aristides anageuza kahawa juani. Hakukaa.

"Chimbeni," alisema.

Aristides akaweka reki chini. Akaonyeshwa picha. Aliisogeza karibu na macho. "Ni yeye. Na kikombe chake." Kisha akauliza, kama ilivyompasa kuuliza: "Watu tuwaambie amekufaje?"

"Kwa risasi."

"Ya nani?"

"Ya wenzake."

"Kwa kosa gani, shemeji?"

"Kitabu hakisemi."

Neno lile hakulitaja. Lilikuwa limeshafanya kazi yake ya kutosha katika ile nyumba.

Walichimba kibanjani, kando ya kaburi la baba yake. Gozbert, ambaye alikuwa mtoto mdogo wakati kaka yake anaondoka, akachukua panga, akasimama mbele ya migomba asijue akate wapi.

"Mama, niukate urefu gani?"

Annastella akainua mkono juu ya kichwa chake mwenyewe, akaupandisha tena kidogo. "Alikuwa amenipita hivi."

Majirani walikuja. Wanawake walilia kama inavyotakiwa. Mwinjilisti mpya aliiombea familia, macho yake yakiepa kile kilicholala juu ya mkeka, kwa kuwa kanisa halina sala ya mgomba. Shuka lilikuwa jipya, jeupe. Lakini mgomba uliokatwa hautulii, unatoa maji. Yalipenya upande wa kichwani, shuka likaanza kulowa na kugeuka rangi, na matone yakawa yanadondoka mkekani.

Annastella akapiga magoti. Akafungua kitenge chake cha begani, akaanza kupangusa pale palipolowa, taratibu, kwa ncha ya kitambaa, kama mama anavyompangusa jasho mtoto mwenye homa. Alipopangusa, maji yalitoka tena, akapangusa tena. Wanaume walikuwa wameshashika kamba, wanasubiri.

Aristides akamwinamia. "Shemeji, tumteremshe. Huo ni mgomba tu, hautakauka leo."

"Najua ni mgomba," alisema Annastella, na mkono wake haukusimama. "Niacheni kidogo."