Daktari Aliyetibu Mguu wa Mama

Mwaka ule nilikuwa mapokezi katika hoteli moja upande wa Rashidiya, huko Uarabuni, nikiwa na shahada ya uchumi na muda wa majaribio ambao ulikuwa haujaisha. Lalamiko moja tu la mgeni lingetosha: khalas, imekwisha, viza inafutwa, narudi Singida kujieleza. Niliogopa hata namna nilivyokohoa.

Asubuhi moja alitoka kwenye lifti mzee Mwingereza mwenye nyusi nene. Nilimjua papo hapo: daktari wa hospitali ya misheni ya kwetu, yule aliyeuokoa mguu wa mama nilipokuwa mdogo. Kwetu mtu kama huyo humpiti kwa salamu ya haraka. Nilitoka nyuma ya kaunta, nikamshika mkono kwa mikono miwili, nikamwambia kwa Kiingereza kwamba mama anatembea, analima, na bado anamwombea.

Alinitazama kidogo. "Nimefurahi sana. Hauumi wakati wa baridi?"

"Hauumi, daktari."

"Msalimie."

Alipotoka nje, msimamizi wangu, dada wa Kikenya, alikuwa nyuma yangu.

"Msomi, huyo umemjulia wapi?"

"Alimtibu mama."

"Alimtibu kwa TV? Huyo ni mwigizaji. Nimemwona tangu nikiwa praimari. Leo ni inspekta, kesho askofu, kesho kutwa ni jirani anayepata maiti. Sura yake kila mtu anaijua, jina hakuna." Kisha akaacha kucheka. "Na umeshika mgeni mkono. Meneja akisikia, utajitetea mwenyewe."

Kutwa nzima nilipanga maneno ya kuomba radhi. Halafu nikaona kuomba radhi ni kumkumbusha. Halafu nikaona kunyamaza ni kiburi. Pengine hana dini, nami nimemwambia anaombewa.

Jioni mzee alirudi kutoka soko la viungo la Al Ras na mfuko wa ndimu kavu. Meneja alimwahi mlangoni.

"Sir, nimesikia kijana wetu alikusumbua."

Mzee aligeuka kunitazama. Mabega yake yakashuka, sauti ikawa ya mtu aliyesimama kando ya vitanda vingi vya wagonjwa.

"Kunisumbua? Nilimtibu mama yake. Mguu ulikuwa mbaya, tulikaribia kuukata. Mna kijana mwenye adabu."

Meneja akainamisha kichwa, akaenda zake. Msimamizi akaikodolea macho kompyuta iliyokuwa imezimwa.

Nilianza kuomba radhi, mzee akanikatiza.

"Nimecheza madaktari wengi sana. Wote huingia, husema mgonjwa amefariki, hutoka. Anayeponya sijawahi kupewa. Niachie huyu mpaka nitakapoondoka."

Nikamwachia. Kila asubuhi nilimwita daktari, naye aliitika bila kutabasamu.

Baada ya yeye kuondoka, msimamizi alinijia na habari kutoka ofisini. "Umepita majaribio, msomi. Yalla, haya twende kazi, kuna mgeni anangoja."

Nilimwomba ampokee yeye. Nilikaa kwanza, nikampigia mama simu kumfikishia salamu za daktari.