Maiti Aliyecheka Mazingara

Siku ya kwanza kazini nilikabidhiwa cherehani. Kwetu Japani nilikuwa nimeigiza jukwaani kwa miaka mingi na kuonekana katika filamu mbili, kisha nikamfuata kwao mume wangu, Mnyamwezi aliyezaliwa Korogwe kwa baba mkata mkonge. Nilidhani kikundi cha maigizo kitanipokea kwa vigelegele. Mkuu wa Kikundi alinitazama uso, akasikiliza Kiswahili changu, akasema, "Mama, wewe utashona maleba." Maleba ni nguo za kuigizia. Nilishona mwaka mzima, na roho iliniuma.

Wakati ule wa ujamaa tulizunguka vijijini kwa lori. Tulishusha bodi ya ubavuni, na hapo pakawa jukwaa. Mnong'onezaji, yaani anayemkumbusha mwigizaji maneno aliyoyasahau, alijificha nyuma ya pipa la maji. Nilikaa naye nikimchosha kwa maswali: kwa nini huyu kavua viatu, kwa nini yule kasalimia wazee kwanza? Nilitaka kujua kila kitu, kwa sababu nilitaka kuigiza.

Tulipofika kijiji cha Mazingara, mwigizaji wa nafasi ya maiti alishikwa na homa. Mchezo ulihusu mama wa Kinyamwezi aliyehamia kijiji cha ujamaa akafa kabla ya mavuno, na majirani waliogombana wakapatana msibani kwake. Mkuu aliniita.

"Utafunikwa shuka, hakuna atakayekuona. Ukitulia, nitakufikiria nafasi ya kusema. Ukitikisika, ni cherehani mpaka ustaafu."

Kutulia nilikujua. Walimu wangu walitufundisha kukaa kama jiwe hata nzi akitua puani.

Waigizaji walianza kulia. Mara bibi mmoja wa Kizigua, Bi Mwanaidi, akapanda lorini kwa msaada wa wajukuu. Alijua fika kuwa ni mchezo. Ila sote tulikuwa tumesahau, Mkuu akiwa wa kwanza, kwamba huku msiba wa Mnyamwezi haukamiliki bila mtani wake Mzigua kuja kumfanyia masihara marehemu. Hiyo ndiyo heshima yake ya mwisho. Bibi aliona msiba hauna mtani, akaja kuziba pengo.

"Mnyamwezi gani huyu anakufa siku ya palizi?" akauliza. "Jembe kalikimbia mpaka ahera." Kisha akajilaza kando yangu. "Sogea, na mimi nimechoka."

Akafunua ncha ya shuka, akaniona. Akaninong'oneza, "Mwanangu, usicheke." Hapo ndipo nilipocheka. Shuka likatikisika lote, na kijiji kizima kikaangua kicheko.

Baadaye Mkuu alisema neno moja tu: "Cherehani."

Bi Mwanaidi alikuwa bado yuko pale. "Baba, mgeni hachekeshwi na utani asioujua. Huyu kaujua. Na mchezo wenu bila mtani ni msiba wa nani?"

Mkuu hakupenda, lakini alikuwa mtu wa haki. Aliongeza nafasi ya mtani, akanipa mimi. Nilibaki kwa Bi Mwanaidi wiki nzima akinifundisha lini kukejeli, lini kunyamaza, na namna ya kumtania marehemu bila kuwajeruhi wafiwa. Nafasi ile niliicheza Mkumbara, Handeni na kwingine kwingi mpaka nilipostaafu. Watu waliacha kuuliza natoka wapi.

Sasa naishi Kilole, na vijana huniuliza ni nafasi gani niliyoicheza vizuri kuliko zote. Haikuwa ya jukwaani. Nilikuwa nimeshastaafu nilipoletewa habari kwamba Bi Mwanaidi amefariki. Nilipanda basi la kwanza. Upande wa wanawake walikuwa wamemzunguka kimya, wakanipisha, maana mke wa Mnyamwezi ni mtani wa Mzigua. Nikajilaza kando yake mkekani.

"Sogea, bibi," nikamwambia, "na mimi nimechoka."

Binti zake walicheka huku wanalia. Mimi, safari hii, sikuweza kucheka.