Funiko Moja

Dada yangu alikuwa mwongo wa kuzaliwa, na nasema hivyo nikiwa na akili timamu. Mama alipoondoka nyumbani kwetu Kaloleni, mtaa wa karibu na ziwa, mimi nilikuwa darasa la kwanza, yeye anakaribia kumaliza shule ya msingi. Baba alikataza mama asitajwe tena. Basi dada akanitungia nchi.

Nchi hiyo ilikuwa chini ya ziwa. Watu wake hawakuwa na jua wala saa. Paa lao lilikuwa magugu-maji, yale yale ambayo upepo huyaleta mpaka ghuba yote inageuka shamba, halafu siku nyingine unaamka yamekwenda zake. Yakifunika, kule chini ni usiku; yakiondoka, kumekucha. Muda wa kutoka kufunikwa hadi kufunuliwa uliitwa funiko. "Mama ameenda huko," aliniambia akinisuka, akivuta nywele makusudi. "Atarudi baada ya funiko moja. Na ukilia, linaanza upya."

Nikaacha kulia.

Kila tulipoenda ziwani kufua, macho yangu yalitangulia kwenye maji. Wiki nzima magugu yalikaza, ndege wanatembea juu yake. Upepo ukigeuka yakasogea, roho yangu inaruka. Dada ananyoosha kidole: "Na lile jani kule, hulioni? Funiko halijaisha." Jani halikukosekana. Sheria zilikuwa zake, na alizibadilisha huku anacheka.

Hata siku moja ziwa likawa safi kabisa. Nilikimbia nyumbani, nikaoga, nikavaa gauni la kanisa, nikarudi kukaa ufukoni. Nilikaa mpaka miguu ikafa ganzi. Dada akaja na rafiki zake wawili, akawaonyesha mimi. "Si niliwaambia?" Wakacheka mpaka wakashikana mabega. Ndipo akasema, mbele yao: "Mama ameolewa Ahero, mjinga wewe. Anapikia watoto wengine wali."

Ahero! Hata si mbali. Wamama wa Ahero walikuja sokoni kwetu asubuhi na mchele wao, jioni wako kwao. Mimi namngojea mtu chini ya maji, kumbe yuko hapo tu barabarani, na dada alijua tangu siku ya kwanza. Sijamsamehe, na pasta asinisumbue.

Juzi alinipigia simu kutoka Usenge, alikoolewa na ambako sasa amelala kitandani, figo zimekataa kazi. Sauti imebaki nyembamba. Akaniita nyaminwa, binti wa mama yetu, neno ambalo hakuwahi kunipa tukiwa wadogo.

"Aki njoo nikuone. Daktari hasemi vizuri. Utakuja lini?"

"Baada ya funiko moja," nikasema.

Akacheka kidogo, akakohoa. Alikuwa amekumbuka. Nilingoja, sikumsaidia.

"Na ziwa likoje huko kwenu?" akauliza polepole.

Nilikuwa nimesimama dirishani kazini. Maji yalimeta hadi ng'ambo, hakuna hata jani.

"Limefunikwa, dada," nikamwambia. "Limefunikwa lote."