Suti ya Mkwe na Mdomo wa Fundi Pumua

Jina alilopewa na wazazi wake limebaki kwenye kitambulisho tu. Mtaa mzima unamwita Fundi Pumua, na kosa ni lake mwenyewe. Ana sharti moja la kazi: hasomi futi ya kupimia mpaka mteja atoe pumzi. Binadamu akizungushiwa futi kiunoni hubana tumbo papo hapo, awe jaji, awe mwizi. Basi fundi husubiri, penseli sikioni, halafu husema kwa upole, "Pumua." Mteja akijitia hamnazo, fundi humuuliza habari za shemeji zake. Hajazaliwa mtu wa kumsema shemeji huku amebana tumbo.

Balaa ni kwamba neno hilo lilitoka dukani likamfuata kila aendako. Cherehani ikipata moto, aliiacha ipumue. Wateja wakijaa, alisema sasa amepumua. Wakiadimika, duka lilikuwa linapumulia mashine, na mashine zenyewe alikuwa nazo mbili, moja mbovu. Fundi mwenzake alipofungua duka ng'ambo ya barabara, alilalamika kwamba anampumulia kisogoni. Na nyumbani, sebule ikibadilika harufu ghafla, aliuliza kwa uso mkavu, "Nani kapumua?"

Hilo la mwisho ndilo lililomchosha mkewe.

"Baba watoto," alimwambia asubuhi moja, "leo baba mkwe wa mtoto anakuja kupimwa suti. Lile neno lako uliache chumbani."

"Neno lipi?"

"Unalijua. Niahidi."

Akaahidi. Binti yao kitinda mimba alikuwa amependana na kijana wa Mzee wa Mbao, yule mwenye ghala la mbao kule sokoni, na huyo mzee alikuwa bado hajasema ndiyo wala hapana. Alichosema ni kwamba atatoa kauli yake siku ya kikao cha familia mbili, na atakuja amevaa suti iliyoshonwa na fundi huyo huyo. Binti alikuwa akihesabu siku kwa vidole. Fundi alimpenda mtoto yule kuliko mboni za macho yake, na kwa mara ya kwanza maishani aliogopa kipande cha kitambaa.

Mzee wa Mbao aliingia dukani, tumbo likatangulia, mwenyewe akafuata. Futi ilipomgusa tu, tumbo lote likahamia kifuani. Uso ukamwiva. Fundi akafungua mdomo, akamwona mkewe amesimama mlangoni anakunja kitambaa ambacho tayari kilikuwa kimekunjwa, akaufunga. Akajaribu njia ya pili.

"Shemeji zako hawajambo, mkwe?"

Mzee akatikisa kichwa, midomo kaibana.

Ungefanyaje wewe? Kumwambia mkwe alegeze tumbo ni kumwambia umeliona. Kuongeza inchi za kubahatisha ni vilevile, maana suti ikimpwaya atajua ulimfikiriaje. Fundi akaandika kipimo alichokiona, huku akijua fika kuwa ni uongo mtupu.

Siku ya kikao, Mzee wa Mbao aliingia sebuleni kwa fundi amenyooka kama bidhaa zake. Kiti alikikataa. Soda aliikataa. Aliegemea ukuta akasubiri zamu yake, na ilipofika, maneno yakaanza kumtoka moja moja.

"Sisi... upande wa kijana..." Jasho likamchuruzika. "Kuhusu binti... mimi... siwezi..."

Shangazi wa binti akaanza kulia pale pale. Binti mwenyewe akaushika mkono wa mama yake, macho chini, akijua mambo yameharibika. Ni fundi peke yake aliyekuwa akitazama vifungo. Akamtazama mkewe kwa kuomba radhi, kisha akasema kwa upole uleule wa dukani, "Mkwe, pumua."

Mzee akapumua. Kifungo cha kwanza kiligonga chupa ya chai. Cha pili hakijaonekana mpaka leo. Halafu suruali ikaachia mshono wa nyuma kwa sauti ndefu, ambayo kila mtu aliisikia na karibu kila mtu aliielewa vibaya.

Mke wa fundi ndiye aliyezinduka kwanza. Akavuta kitambaa cha meza, akamfunika mkwe kiunoni. Fundi alikuwa ameshachomoa sindano kwenye ukosi wa shati lake.

"Nisamehe, mkwe. Nilijua kipimo kina makosa. Nilikuonea haya."

"Na mimi nilibana makusudi," alisema mzee, akihema. "Mke wangu alinionya, ukienda kwa watu usitangulize tumbo."

Hapo sebule nzima ikacheka, hata shangazi, ambaye alikuwa hajamaliza machozi yake. Mzee akacheka mpaka akakaa kwenye kile kiti alichokuwa amekikataa. Kisha akamgeukia binti.

"Wiki nzima nimetafuta maneno mazito ya kukukaribisha kwangu, mwanangu, na yote yamenipotea. Lakini mtu aliyeniona nimevaa kitambaa cha meza, nitamwitaje mgeni tena?"

Binti akavuka sebule, anacheka huku analia, akamshikia baba mkwe wake kitambaa kisianguke.